Chuo Kikuu cha Uchawi? Neno moja linavyoweza kuifumua riwaya nzima

KUNA swali ambalo huwatatiza wanafunzi wa tafsiri kila wanapokutana na riwaya za fantasia za Uingereza na Marekani: chuo kikuu ambamo watu husomea jinsi ya kuufuma na kuufumua ulimwengu, tukiiteje kwa Kiswahili?

Msomaji anaweza kuliona swali hili kuwa la mzaha. Chuo chenyewe hakipo. Hakina kamati ya mitihani wala karo. Lakini wanaotafsiri wanajua kwamba kitu kisichokuwepo ndicho kigumu zaidi kukipa jina, kwa sababu jina ndilo kila kitu kilicho nacho. Ukikosea jina la meza, msomaji ataiona meza kwa macho yake na kukusahihisha. Ukikosea jina la chuo cha kubuni, umekibomoa.

Mwaka jana mwanafunzi wangu mmoja wa uzamili aliniletea rasimu ya tafsiri yake. Sentensi yake ya kwanza ilisema: “Walikuwa wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Uchawi, wakisomea kufuma kitambaa cha uhalisia.” Kisarufi, sentensi hiyo haina ila hata kidogo. Upatanisho wa kisarufi ni barabara, tahajia ni safi. Hata hivyo, ndani yake mna maneno matatu yanayostahili kupimwa kwa makini: chuo, uchawi na kitambaa. Katika makala haya ninanuia kuonyesha kwamba la kwanza ni sahihi kuliko hata mwanafunzi mwenyewe alivyodhani, la tatu linachekesha, na la pili ni la hatari.

Vyuo vyenyewe ni vipi?

Kabla ya kuyapima maneno, tuvitazame vyuo. Nitataja vitatu tu, ambavyo msomaji akienda kwenye duka la vitabu mjini anaweza kuvipata.

Cha kwanza kimo katika kisiwa cha Roke, kwenye riwaya ya A Wizard of Earthsea (1968) ya Ursula K. Le Guin, mwandishi wa Marekani aliyefariki mwaka wa 2018. Babake, Alfred Kroeber, alikuwa mwanaanthropolojia aliyetafiti jamii na lugha za wenyeji wa asili wa California, na huenda ndiyo maana binti alikijenga chuo chake juu ya lugha. Katika Roke kuna walimu wakuu tisa. Mmoja hufundisha mitishamba, mwingine upepo, mwingine nyimbo, mwingine majina. Huyu wa majina huishi katika mnara wa upweke. Wanafunzi wake hukaririshwa orodha ndefu za majina ya kweli ya vitu, kwa wino unaofutika saa sita za usiku. Asiyekariri kabla ya saa hiyo, imekula kwake. Kila kitu kina jina lake la kweli, na anayelijua ana uwezo juu ya kitu hicho.

Cha pili ni Mnara Mweupe, ulio katika jiji la Tar Valon kwenye mfululizo wa The Wheel of Time wa Robert Jordan. Kitabu cha kwanza cha mfululizo huo kilitoka mwaka wa 1990 na cha mwisho, cha 14, mwaka wa 2013. Jordan alifariki mwaka wa 2007 kabla ya kumaliza, na vitabu vitatu vya mwisho vikakamilishwa na Brandon Sanderson. Hapa ndipo penye kufuma hasa. Gurudumu la wakati hufuma nguo kubwa, na maisha ya kila mtu ni uzi mmoja ndani yake. Wanawake wa Mnara hujifunza kuvuta nyuzi za nguvu tano, yaani ardhi, hewa, moto, maji na roho, na kuzifuma pamoja.

Cha tatu ni Chuo Kikuu Kisichoonekana katika jiji la Ankh-Morpork, kilichobuniwa na Mwingereza Terry Pratchett katika riwaya zake za Discworld, zilizoanza kutoka mwaka wa 1983. Pratchett ni mcheshi. Maprofesa wake hula sana, hulala sana, na huogopa wanafunzi. Mkutubi wao aligeuzwa kuwa sokwe wa aina ya orangutani kwa ajali ya nguvu zao wenyewe, na tangu siku hiyo amekataa katakata kurudishwa kuwa mtu, kwa kuwa mikono mirefu inafaa kufikia rafu za juu. Mimi niliyefundisha vyuo vikuu kwa zaidi ya miaka thelathini sikuona fantasia nyingi hapo.

Vyuo hivi vinatofautiana kwa mengi, lakini kuna jambo moja vinalokubaliana. Katika vyote vitatu, sehemu kubwa ya elimu ni kujifunza kutotumia ulichojifunza. Mwalimu mmoja wa Roke anamweleza kijana Ged kwamba kukifanya kijiwe kionekane kuwa almasi ni jambo dogo, bali kukigeuza kiwe almasi kwa kweli ni kuubadilisha ulimwengu mzima, maana kila kitu kimeshikana na kingine. Ged hasikii. Kwa majivuno ya ujana anaita roho ya mfu ili kumkomoa mwenzake, na pale anapoipasua dunia panaingia kivuli kitakachomwandama kitabu kizima. Mkuu wa chuo anaziba mpasuko huo, na kazi hiyo inamuua.

Kwa Jordan vilevile. Upo moto wa aina ya pekee ambao ukimpata mtu hauishii kumuua. Huuchoma uzi wake kurudi nyuma, hata matendo aliyoyafanya kitambo kidogo kabla ya kufa yakawa hayakutendeka. Ulipotumiwa kupita kiasi katika vita vya kale, ulimwengu wenyewe ulianza kufumuka, hata pande zote mbili, wema kwa waovu, zikauogopa na kuuacha.

Basi hicho ndicho tunachotaka kukitafsiri: chuo cha kujifunza uwezo mkubwa na kujizuia.

Chuo: neno lililotangulia

Nilisema neno chuo ni sahihi kuliko mwanafunzi wangu alivyodhani. Yeye alilichukua kwa maana ya leo, yaani taasisi ya elimu ya juu. Lakini katika Kiswahili cha kale, chuo ni kitabu. Utendi wa Tambuka, ambao nakala yake mashuhuri ina tarehe ya mwaka wa 1728, hujulikana pia kama Chuo cha Herekali. Hapo chuo si jengo hata kidogo. Ni maandishi. Baadaye, mahali watoto walipokwenda kusomea kitabu pakaitwa chuoni, na aliyezama katika vitabu akaitwa mwanachuoni.

Kwa hivyo Kiswahili kiliunganisha zamani kitabu na shule katika neno moja. Na Roke ni nini ila shule ambayo haina mahali pengine ila kitabuni? Msomaji wa Kiswahili anapoambiwa kwamba kuna chuo ambamo maneno yana uwezo, masikio yake yako tayari. Sisi tulilelewa kwa kuambiwa kwamba nyoka hatajwi usiku, bali aitwe kamba. Wengi wetu hatuwezi kumwita mkwe kwa jina lake. Hatuhitaji tanbihi ya kutueleza kwa nini watu wa Earthsea huyaficha majina yao ya kweli.

Zaidi ya hayo, neno mwanachuoni linatupa zawadi ambayo nitairudia hapa chini.

Uchawi: neno lenye damu

Sasa tuje kwenye neno la pili. Kamusi nyingi za Kiingereza-Kiswahili zitakupa uchawi kama kisawe cha kwanza cha nguvu hizi za vitabuni. Mwanafunzi wangu alifungua kamusi, akaliona, akalitumia. Je, kuna ubaya gani?

Ubaya wa kwanza ni wa maana. Katika jamii zetu nyingi uchawi si ujuzi wa kila namna usioelezeka. Ni ule wa kudhuru. Hutendwa kwa siri, hutendwa kwa husuda, na anayeutenda hajitangazi. Ndiyo maana lugha yetu imemtenga mchawi na mganga. Mmoja huroga, mwingine huagua. Ukisema “chuo kikuu cha uchawi”, umesema kwamba kuna taasisi ya wazi, yenye lango na bendera, inayotoa shahada za kuwaangamiza majirani. Msomaji hatashangazwa na maajabu ya chuo hicho. Atashangaa kwamba polisi hawajakivamia.

Ubaya wa pili ni mzito zaidi, na hapa naomba msomaji anivumilie nitoke kidogo vitabuni. Nchini mwetu neno hili huua. Katika Kaunti ya Kilifi, wazee wamekatwa mapanga kwa kuitwa wachawi, na mara nyingi chini ya tuhuma hizo kumefichwa ugomvi wa shamba. Imeripotiwa kwamba wako waliopaka mvi zao rangi ili wasionekane wazee. Katika eneo la Kisii, wanawake wakongwe wamechomwa moto kwa neno hilo hilo. Sheria ya Uchawi, Sura ya 67 ya Sheria za Kenya, ambayo ni ya tangu mwaka wa 1925, haimwadhibu tu anayejidai kuwa na nguvu hizo ili kuwatisha watu. Inamwadhibu pia anayemtuhumu mwenzake. Yaani hata watunga sheria wa kikoloni, ambao hawakuwa wanaisimu, walitambua kwamba kutamka neno hili kunaweza kuwa kosa la jinai.

Sisemi neno lipigwe marufuku. Fasihi haiandikwi kwa kuogopa maneno, na mwandishi anayesimulia mauaji ya Kilifi hana budi kuliandika lilivyo. Ninachosema ni kwamba mfasiri anayelichukua kana kwamba ni jina la mchezo wa watoto, akalibandika juu ya chuo cha hekima, hajui uzito wa alichokibeba.

Ubaya wa tatu ni wa kifasihi, na pengine utamshawishi hata yule asiyejali hayo mawili. Katika vitabu vya Jordan, mna kundi la askari wanaovaa majoho meupe na kuwachukia wanawake wa Mnara. Askari hao huwaita wachawi. Ni tusi. Ni tuhuma ya aina ile ile ya Kilifi. Sasa, ikiwa mfasiri mwenyewe amekwisha kuwaita wachawi tangu ukurasa wa kwanza, akifika kwa askari atasema nini? Tusi limekwisha makali. Chuki ya askari imegeuka kuwa maelezo ya kawaida, na msomaji hawezi tena kuona nani anasema kweli na nani anasingizia.

Kuna na tatizo la jinsia. Kiingereza kinatofautisha wizard, aliye mwanamume na msomi, na witch, aliye mwanamke wa kijijini. Pratchett aliandika riwaya nzima juu ya tofauti hiyo, Equal Rites (1987), ambamo msichana Eskarina anataka kuingia katika Chuo Kikuu Kisichoonekana, na chuo hakipokei wanawake. Tukitumia mchawi kwa wote, tutapata habari ya msichana ambaye hataki kuwa mchawi, anataka kuwa mchawi. Riwaya imekwisha hapo hapo, na mfasiri bado hajamaliza sura ya kwanza! Ngeli ya A-WA haibagui mwanamume na mwanamke, na hilo mimi hujivunia, lakini hapa inatudai tutafute njia nyingine.

Maneno tuliyo nayo

Habari njema ni kwamba Kiswahili si maskini katika uwanja huu. Kina maneno mengi kuliko tunavyokumbuka, na kila neno lina kazi yake.

Kiinimacho ni kuyadanganya macho. Kitu hakikubadilika, ila kimeonekana kubadilika. Hiyo ndiyo kazi ya yule mwalimu wa Roke anayefundisha kijiwe kuonekana almasi. Uganga ni wa kutibu na kuagua, na unamfaa mwalimu wa mitishamba. Unamfaa pia bibi mzee wa kijijini katika riwaya ya Pratchett, yule ambaye majirani humwogopa mchana na kumbishia hodi usiku mtoto akiugua. Tukimwita bibi huyo mganga, na maprofesa wa chuo tukawaita wanachuoni, mgogoro wa Eskarina unasimama. Msichana hataki kuwa mganga wa kijijini. Anataka kuwa mwanachuoni, na wanachuoni hawamtaki. Hilo hata nyanya yangu angelielewa.

Mazingaombwe ni maajabu yenye kuduwaza. Wahakiki wetu wamekwisha kulitumia. Mkondo wa fasihi unaochanganya mambo ya kila siku na mambo yasiyowezekana wameuita uhalisia-mazingaombwe, na wengine uhalisiajabu. Hakuna aliyeuita uhalisia-uchawi, wala sidhani ilitokea kwa bahati. Sihiri, yenye asili ya Kiarabu, ina heshima ya kitabu na ladha ya hadithi za Alfu Lela Ulela, ingawa kwa Mwislamu nayo ni haramu, na mfasiri akumbuke hilo.

Lakini neno ninalolipenda kuliko yote limelala kamusini likisubiri kuamshwa, nalo ni mizungu. Mzungu, kwa wingi mizungu, ni jambo la ajabu, ni ustadi, ni hila ya kijanja inayomwacha mtazamaji kinywa wazi. Tena katika unyago wa pwani, hasa upande wa Tanzania, mizungu ni mafunzo ya siri ambayo mwari hupewa na kungwi wake. Hebu msomaji atazame. Neno moja lina ajabu, lina ustadi, na lina mafunzo ya siri anayopewa anayevuka kutoka utotoni kwenda utu uzima. Nini kingine kinachofundishwa Roke? Nini kingine kinachofundishwa katika Mnara Mweupe, ambako wasichana huingia wakiwa wanagenzi waliovaa nguo nyeupe, wakajaribiwa, na wachache tu wakafuzu?

Najua pingamizi itakayokuja. “Profesa, watu watadhani ni chuo kikuu cha Wazungu!” Hapa ndipo sarufi inapotuokoa. Mzungu wa Ulaya yuko katika ngeli ya A-WA: Mzungu huyu amekuja, Wazungu hawa wamekuja. Mzungu wa ustadi uko katika ngeli ya U-I: mzungu huu umefaulu, mizungu hii imefaulu. Kwa wingi hakuna utata wowote, kwa hiyo tuutumie wingi. Chuo Kikuu cha Mizungu. Mwanachuoni wa mizungu. Kila mwanafunzi wa darasa la sita anayejua ngeli zake ataelewa, na asiyezijua atapata sababu ya kuzijua.

Kitambaa hakitoshi

Limebaki neno la tatu. Mwanafunzi alitafsiri neno kwa neno, akapata “kitambaa cha uhalisia”. Neno la Kiingereza alilokuwa nalo, fabric, halina maana ya nguo pekee. Asili yake ni Kilatini, ambako lilihusu karakana na kitu kilichoundwa. Zamani Waingereza waliliita hata jengo kwa neno hilo. Kwa hiyo sikio la Mwingereza linasikia nguo na muundo kwa pamoja.

Sikio letu linasikia nini katika kitambaa? Linasikia kitambaa cha meza. Kitambaa cha kichwa. Vile vitambaa vya kroshia ambavyo mama zetu hutandika juu ya makochi ya sebuleni, na ole wako mgeni ukivikalia vibaya. Uhalisia umekuwa kitu cha kufuliwa Jumamosi.

Tuwaulize wafumaji wenyewe. Katika kufuma, kwanza nyuzi hutandwa kwa urefu, nazo huitwa mtande. Kisha uzi mwingine hupitishwa ukizikatiza na kushindiliwa, nao huitwa mshindio. Kitanda tunacholalia na mtande wa mfumaji vimetoka katika kitenzi kimoja, kutanda. Kamusi za zamani zinakiita chombo cha kufumia kitanda cha mfumi. Na pwani yetu haikujifunza ufumaji jana. Ibn Battuta aliyepita Mogadishu mwaka wa 1331 alisifu nguo zilizofumwa huko na kupelekwa hadi Misri, na Wareno walipofika waliisikia Pate kwa vitambaa vyake vya hariri.

Watu wa kazi hiyo hawakuiacha mikononi tu. Waliiingiza katika lugha. Kutoka kitenzi kufuma tumepata mfumo. Kila siku tunasema mfumo wa elimu, mfumo wa jua, mfumo wa uchumi, na hatusikii tena nyuzi zilizomo. Mfumo ni namna vitu vingi vilivyopishana na kushikana hadi vikawa kimoja. Basi kile ambacho mwanafunzi wangu alikihangaikia, Kiswahili kinacho tayari: ni mfumo wa ulimwengu. Ukitaka msomaji asikie uzi, mwambie mtande na mshindio wa ulimwengu. Ukitaka asikie hatari, tumia kufumuka. Hakuna Mkenya asiyejua nywele zikifumuliwa inakuwaje.

Fasihi nayo ilikopa kwa wafumaji. Mpangilio wa matukio katika riwaya tunauita msuko, kutoka kusuka, kitenzi cha mikeka, nywele na njama. Shairi ni utungo, kutoka kutunga, kitenzi cha shanga na maua. Kwa hivyo mwandishi wa Kiswahili anapobuni ulimwengu, lugha yake yenyewe inamwambia kwamba anasuka, anatunga, anafuma. Sioni lugha iliyo tayari zaidi kupokea habari za chuo cha kufuma ulimwengu.

Tulinganishe basi. Mwanafunzi aliandika hivi mahali pengine: “Mwanafunzi wa uchawi alitoboa kitambaa cha uhalisia.” Mimi ningependekeza: “Mwanagenzi wa mizungu alikata nyuzi za mtande, na ulimwengu ukaanza kufumuka.” Katika sentensi ya kwanza tunaona tundu. Katika ya pili tunaona kwamba tundu litaendelea kupanuka, na kwamba kuna aliyefundishwa asifanye hivyo akafanya.

Tumefanya hivi awali

Kuna watakaosema kwamba najisumbua bure, kwa kuwa fantasia si mali yetu. Hilo si kweli. Shaaban Robert alitupeleka Kusadikika mwaka wa 1951, nchi inayoelea angani, na jina la nchi hiyo ni kitenzi cha Kiswahili tu kilichonyambuliwa. Hakuazima jina popote. Katika Adili na Nduguze (1952) ndugu wawili wenye husuda wanageuzwa manyani. Euphrase Kezilahabi aliuvunja wakati na mahali katika Nagona (1990) na Mzingile (1991), na Kyallo Wamitila akatupeleka safari isiyo na ramani katika Bina-Adamu! (2002). Mfasiri wa kwanza wa Alice wa Lewis Carroll, mwaka wa 1940, hakuita nchi ile ya uchawi. Aliiita Nchi ya Ajabu, na mfasiri wa miaka yetu hii, Ida Hadjivayanis, mwaka wa 2015 alilibakiza neno hilo hilo la ajabu.

Waandishi na wafasiri hao walifanya jambo moja: walilichagua neno kwa kusikiliza Kiswahili, si kwa kukisikiliza Kiingereza kikitafsiriwa. Ndiyo kazi tuliyoachiwa. Vijana wetu wanasoma vitabu hivi kwa wingi, wanatazama filamu zake, na wengi wameanza kuandika vyao. Watabuni vyuo vyao, pengine Lamu, pengine juu ya Mlima Kenya, na watahitaji maneno. Tukiwaachia uchawi peke yake, tutakuwa tumewapa neno ambalo mitaani linatumiwa kumchomea bibi kizee nyumba, na tumewaambia wajengee nalo chuo.

Ndiyo maana nawaomba walimu wa tafsiri na fasihi wafanye zoezi dogo darasani wiki hii. Waandike ubaoni maneno haya sita: uchawi, uganga, sihiri, kiinimacho, mazingaombwe, mizungu. Kisha wawaulize wanafunzi, kwa kila neno, ni nani analitenda, kwa nani, kwa nia gani, na je, mtendaji angekubali kuitwa hivyo hadharani? Jibu la swali hilo la mwisho ndilo litakalowaonyesha ni neno lipi la kuandikwa juu ya lango la chuo, na ni lipi la kuwekwa kinywani mwa umati uliosimama nje ukiwa na mawe mkononi.